Kifuniko cha Delko

Siku hizi mambo yamekuwa rahisi mpaka yananiudhi. Juzi gari langu liligoma, fundi akapiga picha namba fulani kwa simu yake, na baada ya siku mbili kijana wa pikipiki akaniletea kifaa kipya ndani ya mfuko wa plastiki. Kikaingia mara moja. Hakuna aliyekigeuzageuza mkononi wala kukilinganisha na kile kilichokufa. Nilikinusa, na msinicheke, nikakuta hakina harufu yoyote. Nikamwomba fundi anipe kile cha zamani, akanishangaa, akasema amekwisha kukitupa.

Kwetu Buyenzi, kutupa kifaa cha gari kulikuwa kama kutupa mkate. Mliokua Bujumbura miaka ile mnakumbuka: mipaka ilikuwa imefungwa, mizigo haiingii, na gari likiharibika mwenyewe anazunguka mji mzima na kile kibovu mkononi. Huingii dukani ukataja jina la gari wala mwaka wake, maana magari yenyewe yalikuwa yamechanganywa sana, hili limebeba moyo wa lile, lile limevaa milango ya jingine. Unasalimia, unaweka kifaa chako mezani, unanyamaza. Muuzaji anakitazama, anahesabu matundu, anakwenda nyuma ya duka, kisha anarudi na mwenzake au anarudi mikono mitupu.

Baba alikuwa dereva wa kukodiwa, na chini ya kitanda chake kulikuwa na sanduku la mbao ambamo vilihifadhiwa vifaa vyote vilivyowahi kutoka ndani ya gari lake. Jumapili aliviosha vichache kwa petroli, kidogo sana, kijiko kwa kijiko, ndani ya kopo la maziwa ya unga. Akishavifuta alivifunga katika vipande vya kanga kuukuu za Mama. Harufu ile ya petroli na kanga iliyofuliwa ndiyo harufu ya utoto wangu, na mpaka leo nikiingia kituo cha mafuta huwa nafungua dirisha kwa makusudi.

Gari lenyewe tuliliita Subira, kwa sababu aliyelipanda alihitaji hiyo kwanza. Lilikuwa la Kifaransa, rangi ya chai ya maziwa, na mlango wa nyuma wa kushoto ulifunguka kwa ndani tu. Miaka ya kwanza ninayoikumbuka, Subira alikuwa na mwenzake. Kila Jumapili rafiki wa Baba, Ferdinandi, alikuja kutoka Musaga na gari la ukoo uleule, jeupe. Wanaliegesha kando ya letu, wanafungua kapo, yaani boneti, zote mbili, wanashinda wameinama humo mpaka Mama awaite mara ya tatu waje kula. Walibadilishana vifaa kama watoto wanavyobadilishana gololi. Siku moja niliwaona wakihamisha kitu kikubwa chenye nyaya kutoka gari hadi gari, wakabishana, wakacheka, wakabishana tena. Kilichokuwa cha Subira kikaenda Musaga, na cha Musaga kikabaki kwetu.

Baada ya hapo Ferdinandi hakuja tena. Nilikuwa na miaka saba, nikayaunga mambo hayo mawili: wamebadilishana, mmoja ameona amepunjwa, wamegombana. Nilipouliza, Mama aliniambia, "Iyo habari iache." Baba naye kila liliposikika jina hilo alitafuta kitu cha kufanya na mikono yake. Kwangu huo ulikuwa ushahidi tosha.

Basi nikafikisha miaka tisa, na dada yangu Rehema akaposwa na kijana wa Gihosha. Harusi ilikuwa imeahirishwa mara mbili kwa sababu ya hali ya mji. Mara ya tatu wazee wa pande zote mbili walisema ni Jumamosi, mchana, watu warudi makwao mapema, na haibadiliki tena. Baba alikuwa ameapa mbele yao kwamba binti yake hatatoka nyumbani kwake ndani ya gari la kuazima. Yeye mwenyewe atamwendesha, ndani ya Subira, mpaka mlangoni kwa mumewe. Gihosha ni mlima, na Subira alikuwa Subira, lakini Baba alisema hivyo na mikono ikashikanwa.

Alhamisi jioni Subira akafa. Baba alifungua kapo, akatazama muda mfupi, akatoa kitu cheusi kinachofanana na kikombe kilichopinduliwa, chenye pembe tano juu yake. Kilikuwa kifuniko cha delko, ile sehemu inayogawa moto kwenda kwenye buji, zile plagi za kuwashia injini. Ufa ulikuwa umekipasua kutoka pembe moja hadi ukingoni, na ndani kilinuka kuungua.

"Kidogo hivi," alisema Rehema akikitazama, "na ndiyo itanizuia kuolewa?"

Baba alizunguka Buyenzi yote na kifuniko kile mpaka giza likaingia. Hakupata. Ijumaa asubuhi ikaja habari kwamba Mzee Nasoro, mwenye duka kubwa la vifaa kule mjini, amefukua makatoni ya zamani nyuma ya stoo, na kuna vifuniko vya delko. Baba alikuwa amekaa na wazee wa upande wa bwana harusi, hawezi kuinuka. Akaniita mimi, binti yake mdogo, aliyezoea kumwita mama.

"Chukua kifuniko mu sanduku, mama, kimbia kwa Muze Nasoro. Bei tumeshasikilizana. Weka mezani, usiseme kitu."

Nilivuta sanduku. Juu kabisa kulikuwa na kile kilichopasuka, cheusi kwa masizi, kimejaa grisi kila mahali. Chini yake, ndani ya kipande cha kanga, nikakuta kifuniko kingine cha delko, kisafi, kinang'aa, pembe tano zilezile. Sasa mnisikilize kabla ya kunihukumu. Mama alitulea kwamba huingii kwa watu na kitu kichafu. Ukitumwa kupeleka sahani ya mboga kwa jirani, unaifuta ukingo kwanza. Na Mzee Nasoro hakuwa jirani tu, alikuwa mtu wa heshima, kanzu nyeupe, baba wa babu yake alitoka Omani, kalamu mbili mfukoni. Ningemwekeaje mezani kitu kama kile? Nikachukua kisafi.

Duka lake lilikuwa refu na la baridi, rafu mpaka darini. Nilisalimia, nikaweka, nikanyamaza. Alikiinua kwenye mwanga, akakigeuza.

"Mashallah. Nani aliosha hii?"

"Baba."

"Babako Juma anaosha vyuma kuliko mi naosha uso yangu," akasema. Akaingia nyuma, akakaa huko mpaka nikaanza kuhesabu tasbihi iliyotundikwa ukutani. Alirudi na kikasha kidogo cha karatasi, akakifungua, akaviweka viwili hivyo kando kwa kando. Vilikuwa mapacha kabisa. Mzee wa watu alifurahi kuliko mimi. "Peleka," akasema, "na umwambie Rehema, hii ni baraka yangu."

Nilirudi nikikimbia njia nzima. Baada ya sala ya Ijumaa uwanja wetu ulijaa watu: wazee wa Gihosha, majirani, wanawake wa kumenya vitunguu, wote wakitaka kuona Subira akiamka. Baba alikunja mikono ya kanzu, akainama. Akakaa ameinama muda mrefu kuliko ilivyohitajika.

"Haikai," akasema.

Delko ya Subira ilikuwa ya skrubu mbili. Kifuniko kipya kilikuwa cha kubana kwa vibanio viwili vya pembeni, hakina hata tundu moja la skrubu. Pembe zilikuwa sawa, ukubwa ulikuwa sawa, lakini hakishiki.

"We mutoto, ulipeleka gani?"

Nikakitoa kile kisafi. Alikitazama, akanitazama. "Na kwa nini hukuchukua ile ya juu?"

"Ilikuwa chafu, Baba."

Mzee mmoja wa Gihosha alianza kucheka, akafuata mwingine, na Baba naye akacheka, kwa sababu alikuwa mtu wa hivyo. Kisha kicheko kikamkatika. Alikizungusha kifuniko kipya kidoleni, akasema polepole, kama anajiambia mwenyewe, "Hii iko ya Ferdina."

Ilikuwa mara ya kwanza katika miaka miwili kumsikia akilitaja jina hilo. Na mimi hapohapo nikaelewa, au nilidhani nimeelewa. Kile kitu chenye nyaya walichohamisha siku ile kilikuwa delko! Ya kwetu, ya vibanio, iko Musaga. Ya Musaga, ya skrubu, iko kwetu. Kifuniko kisafi cha sandukuni kilikuwa cha delko yetu ya zamani, na hiki kipya kilichofanana nacho kinahitajika Musaga, si hapa. Hiki ndicho walichogombania, nikawaza, na nyumbani kwetu tumeshika mali ya mtu.

Nyuma ya uwanja wetu alipanga Mama Sifa, mkimbizi kutoka Uvira, aliyeuza ndagala, wale dagaa wa ziwani, na vitenge. Mitaa mingine ilikuwa haiingiliki kwa watu wa mitaa mingine, lakini yeye alipita kote na beseni lake kichwani, na hakuna aliyemuuliza anatoka upande gani. Nilimkuta anafunga mzigo.

"Mama Sifa, unaenda Musaga leo?"

"Minaenda na bisi ya saa nane. Unataka nini?"

"Peleka hii kwa Muze Ferdinandi. Nyumba ya geti ya kijani, karibu na bomba ya maji. Mwambie Baba anamurudishia kitu yake. Na ile ya skrubu, ya Subira, imepasuka. Na harusi ya Rehema ni kesho."

Alikipokea kikasha, akanitazama sawasawa. "Na babako anajua?"

"Ndiyo."

"Sawa. Kama anajua, basi mi sijui kitu." Akakitumbukiza katikati ya ndagala, akaondoka. Kwa uongo ule nilishindwa siku nzima kula hata mandazi, na wanaonifahamu watawaambia hiyo si hali ya kawaida.

Jioni Baba alijaribu kila alichojua. Alichukua rangi ya kucha ya Rehema, akaipaka kwenye ufa wa kifuniko kile kibovu, akapuliza, akasubiri ikauke. Subira alikohoa mara mbili, tukapiga makofi, akazima. Rehema alisema angalau kimependeza kwa rangi nyekundu. Kisha akakaa kwenye ngazi na hina mikononi, akasema, "Nitapanda Gihosha na miguu. Viatu nitabeba mukononi." Alisema kwa mzaha, lakini Baba akafunga kapo, akaingia ndani.

Jumamosi asubuhi ndipo alipokitafuta kifuniko kipya akirudishe kwa Mzee Nasoro. Hakukiona. Alikuwa ameanza kunyoa ndevu, povu shavu moja, kikoi kiunoni. Nikamwambia yote kwa pumzi moja.

Nilitegemea kofi. Badala yake alikaa kitandani.

"Nani alikwambia mi na Ferdina tuligombana?"

"Alikuwa haji tena."

"Na mi je, nilikuwa ninaenda?" Akajifuta povu, akajipaka tena. "Hatukugombana, mama. Yeye alibaki kule, sisi huku. Ni hivyo tu. Nilikuwa ninasema akitaka, atakuja. Labda naye alikuwa anasema hivyo hivyo."

Leo ninaijua habari ile vizuri. Mji ulikuwa umegawanyika mtaa kwa mtaa, na mtu wa Musaga kuingia Buyenzi, au wa Buyenzi kwenda kulala Musaga, lilikuwa jambo la kufikiriwa mara mbili. Lakini kilichowafunga wale wawili haikuwa hatari peke yake. Kila mmoja aliogopa kubisha hodi akakuta uso umebadilika. Wakati ule sikuyajua hayo. Nilichoona ni kwamba Baba alikuwa na hofu, na kwamba nimeisababisha mimi.

Hapo hapo ndipo tuliposikia mngurumo. Baba aliinua kichwa. Gari jeupe lile lilikuwa na sauti yake, nyembamba, kama ya cherehani, na Baba aliitambua kabla halijakata kona.

Halikukata kona. Pale mwanzo wa mtaa vijana walikuwa wameweka benchi katikati ya barabara, wanauliza kila wasiyemjua anakwenda kwa nani. Gari likasimama, vijana wakalizunguka. Baba alitoka mbio vile alivyokuwa, peku, kikoi, povu nusu uso, na mimi nyuma yake. Sijawahi kumwona akikimbia kabla ya siku ile wala baada yake. Alifika, akaweka kiganja juu ya paa la gari, akahema kwanza.

"Huyu ni ndugu yangu," akasema. "Amekuja harusi ya mutoto wake."

Vijana walitazamana. Mmoja wao, ambaye Baba alimfundisha kuendesha gari, aliinua benchi. "Karibu, muze," akasema, na wengine wakasogea.

Ferdinandi alitoa kichwa dirishani. Alikuwa amekonda, mvi zimeingia. Alimtazama Baba juu mpaka chini.

"Baba Rehema," akasema, "umezeeka upande moja tu?"

Baba akashika shavu lake lenye povu, na hapo wote wawili wakaanza kucheka na kulia, sijui kipi kilitangulia. Hawakukumbatiana. Ferdinandi alisema, "Fungua kapo, saa inaenda," kana kwamba wameachana jana.

Gari lake lilikuwa limelala miaka miwili kwa kukosa kifuniko kile cha vibanio. Miaka miwili! Mama Sifa alipomfikishia, alikibana jioni ile ile kwenye delko yetu ya zamani, akahangaika na betri asubuhi, na gari likaitika. Sasa alitoa kitambaa mfukoni, akafungua fundo. Ndani mlikuwa na vifuniko vitatu vya skrubu, vya delko yake ya zamani, naye hakuvitupa. Viwili vilikuwa vimekufa. Cha tatu kilikuwa kimekwaruzika lakini kizima.

"Niliiweka," akasema. "Nilijua siku moja utakuja kuomba."

"Mi sikuomba. Ni huyu mutoto ameomba."

Ferdinandi akanigeukia, akanipa mkono, kwa heshima, kama anamsalimia mtu mzima. Mimi nilikuwa naangalia chini kwa aibu na furaha.

Skrubu mbili ziliingia. Kifuniko kikakaa. Rehema mwenyewe ndiye aliyeomba kuzungusha ufunguo, na Subira akaamka mara ya kwanza, bila kukohoa. Vigelegele vilipigwa mpaka watu wa mtaa wa pili wakadhani bi harusi ameshatoka. Saa nane alitoka kweli. Alikaa nyuma na Mama, Baba kwenye usukani amenyoa pande zote mbili, na nyuma yao Ferdinandi, gari lake limejaa mashangazi, sufuria za pilau na mimi. Kwenye mlima wa Gihosha Subira alipanda polepole, injini imepandisha sauti, na Ferdinandi aliyekuwa akipiga honi kila kona aliniambia, "Sikiliza vile delko yangu inaimba." Tulifika. Baba alimfungulia Rehema mlango kwa ndani, akamkabidhi, akajipangusa uso kwa mkono wa kanzu bila kujificha.

Alasiri watu walianza kuaga, kila mmoja akiwahi kwake. Ferdinandi naye akashika njia ya kusini, na Baba akasema atamsindikiza kidogo. Nikarukia kiti cha nyuma kabla hajanikataza. Kidogo hicho kikapita soko, kikapita mto, kikapanda barabara ya Musaga. Mikono ya Baba ilikuwa imeubana usukani, na nilijua anachoogopa, kwa sababu nilikiogopa pia: uso wa mke wa Ferdinandi atakapofungua geti na kutuona.

Alifungua. Alisimama na kitambaa cha jikoni begani, akatazama magari mawili, akamtazama Baba, akanitazama mimi.

"Mumechelewa," akasema. "Chakula kimepoa."

Akageuka kwenda kukipasha moto. Baba alibaki amesimama getini, kichwa chini, mabega yanatikisika. Ferdinandi akamshika mkono, akamwingiza ndani.